Mpishi Aliyekula Amesimama

Kwetu Garissa mtu akikuuliza wewe ni nani, hataki jina lako. Anataka la baba, la babu, la babu wa babu, na ukikwama kabla hujafika la kumi anakutazama kama ng'ombe asiye na alama ya mwenyewe. Mimi nilikaririshwa orodha yangu kabla sijajua kufunga kikoi. Hata leo ukiniamsha usingizini nitakuimbia mababu wote hadi yule wa mwisho, ambaye nashuku alibuniwa na mzee mmoja aliyechoka kuulizwa.

Mpishi hakuwa na orodha. Wanasema siku zake za kwanza mjini wazee walimwita, wakamuuliza swali lenyewe. Akaweka upawa chini, akapangusa mikono, akajibu kwa Kiswahili chake kilichoyumba kama lori la Wajir: "Mimi mtoto ya Haradali, bin Ukwaju, bin Pilipili."

Wazee wakatazamana. Kisha mmoja akauliza kwa heshima zote, "Na huyo Ukwaju, Mwenyezi Mungu amrehemu, aliacha ngamia wangapi?"

Kwa hiyo msiniulize alizaliwa wapi na lini. Ninachojua ni kwamba alitoka India, upande wa kusini, na lugha ya kwao ilikuwa Kitelugu. Alikuwa akiizungumza na sufuria tu, kwa kuwa mjini hapakuwa na mwingine wa kumjibu, nayo ilisikika kama maji yanayomiminwa kutoka chupa yenye shingo nyembamba. Alikuwa Mwislamu kama sisi, ila msikitini alisimama safu ya mwisho kabisa, eti ananuka vitunguu. Alikuja na jeshi wakati wa vita vikubwa, akawapikia askari Wajir, akawapikia Buna, na askari waliporudi kwao yeye akabaki kando ya Tana na sufuria tatu na sanduku la viungo. Siku hizo sanduku halikuwa na kufuli. Kufuli lilikuja baadaye, na lilikuja kwa sababu yangu.

Hoteli yake ilikuwa nyuma ya maduka, pale malori ya kaskazini yanaposubiri abiria. Kuta za udongo, paa la majani ya mkoma, mabao mawili ya kukalia, na meza moja iliyokosa mguu ikaegemezwa jiwe la mtoni. Saa nne za asubuhi, jua linapoanza kuipika barabara mpaka nyumba za upande wa pili zinaonekana kuelea, ndipo alipotia haradali kwenye samli ya moto. Zilikuwa zikiruka, tap tap tap, kama mvua ya mbali ambayo haifiki. Kisha mvuje, ambao ukiwa mbichi unanuka kama soksi za mwalimu wetu, na ukiingia kwenye samli unageuka kitu kingine kabisa. Harufu ilitoka mlangoni, ikavuka barabara, ikaingia darasani kwetu. Mwalimu alikuwa akitufundisha mito ya Uingereza. Nani atakumbuka mito ya Uingereza?

Alikuwa mwembamba kuliko mti wa kusimamishia kibanda, jambo lililowatia watu shaka, maana mpishi mwembamba ni kama kinyozi mwenye nywele za kichaka. Pua yake ndiyo iliyonenepa kwa niaba ya mwili wote. Alinusa kila kitu: mkate, barua, wageni. Hakuonja chakula kwa kijiko hata siku moja. Aliinama juu ya sufuria, akafumba macho, akasema, "Chumvi kidogo," na ilikuwa kweli chumvi kidogo. Mara moja nilipita mbele yake nikiwa nimejikausha kama mtakatifu, akavuta hewa mara moja tu.

"Wewe umekula ndizi ya mtu."

"Wallahi, Mpishi..."

"Na ilikuwa haijaiva."

Ilikuwa haijaiva.

Vijana walimdhihaki, kwa sababu kwetu mwanamume hapiki mbele za watu. Akipika, awe porini na ngamia wake, tena asionekane. "Heedhe, Mpishi!" walimwita kutoka juu ya lori. "Wewe unakoroga, mkeo yuko wapi, anachunga?" Yeye alikuwa na jibu moja kwa dunia nzima. Alinyanyua upawa na kusema, "Ngoja povu lishuke kwanza."

Maneno hayo aliyatoa kwenye maziwa yanayochemka, lakini aliyatumia kila mahali. Dereva na mchinjaji walipokunjana mashati kwa ajili ya kichwa cha mbuzi: ngoja povu lishuke. Askari wa boma alipokuja kufoka kwamba moshi unamwingia bwana mkubwa machoni: ngoja povu lishuke. Ijumaa moja hotuba ilirefuka mpaka wazee wakasinzia, nikamsikia nyuma yangu akinong'ona maneno yale yale, nikacheka, nikachapwa. Yeye hakuchapwa.

Alikuwa amejaa mambo yasiyoelewana. Alipenda maziwa ya ngamia kuliko ya ng'ombe, lakini alimwogopa ngamia mwenyewe, akamsalimia akiwa upande wa pili wa barabara, kwa sauti ya adabu, kama mtu anayepita mbele ya hakimu. Alimpa maskini sahani iliyojaa na hakutaka hata asante, ila ukimgusia sanduku la viungo alikuwa simba. Na kubwa kuliko yote, mtu huyu aliyewalisha madereva kutoka Sangailu mpaka Buna hakuwahi kukaa chini kula. Alikula amesimama, mgongo ukiwa ukutani, sahani mkononi, haraka haraka, macho mlangoni.

Nilimuuliza kwa nini. Mimi huuliza, ndiyo sababu mwalimu wetu husema mwisho wangu ni jela au ukarani.

"Wajir," alisema, "wakati wa vita. Siku hiyo nimepika vizuri sana. Nimekaa chini, na sahani yangu. Rafiki analeta barua, anasoma. Mke yangu amekufa. Miezi minne imepita." Alinionyesha vidole vinne vilivyokuwa na manjano. "Miezi minne mimi nakaa, nakula, nashiba, nasema alhamdulillahi. Na yeye yuko chini ya udongo. Tangu siku hiyo, mimi nasimama."

Nikaomba chai.

*

Sasa lazima nimlete mama yangu mdogo. Kwetu anaitwa habaryar, nami ndivyo ninavyomwita, na yeye kwa desturi yetu hunijibu kwa neno hilo hilo, habaryar, ili tusisahau nani ni wa nani. Niliishi kwake mjini ili nisome. Mumewe alikufa zamani. Alikuwa na ngamia wachache waliochungwa na binamu nje ya mji, na kila asubuhi aliuza maziwa yao. Alikuwa pia na binti, Sahra.

Hapa niwaeleze wasio wa kwetu jambo moja, maana bila hilo hamtaelewa lolote. Chombo chetu cha maziwa, kile kirefu kinachosukwa kwa mizizi, hakioshwi kwa maji wala sabuni. Kinaoshwa kwa moto. Mwanamke huchoma vijiti vya miti anayoijua, akavitia ndani vikiwa vinawaka, akafunika, akatikisa, moshi ukaingia katika kila uzi. Maziwa hukaa siku bila kuharibika, na hubeba harufu ya mkono uliofukiza. Kila nyumba ina harufu yake. Mzee wa kwetu akifumbwa macho na kupewa kikombe atakuambia kimetoka boma la nani. Kazi hiyo ni ya wanawake, nyuma ya nyumba, na mwanamume anayejiheshimu haichungulii.

Sahra ndiye aliyefukiza vyombo vya mama yake, na maziwa ya habaryar yalikuwa ya kwanza kuisha sokoni. Watu walipigana viwiko. Mpishi alinunua kwake kila siku. Alinusa kikombe, akainua kichwa kama mtu aliyeitwa na mtu wa mbali. "Maziwa hii," alisema, "ina nyumbani kwetu ndani yake. Sijui kwa nini."

Habaryar alicheka. "Ngamia wangu hawajafika India, Mpishi."

Kisha Tana ulifurika, mbu wakaja, homa ikaja, ikamuua Sahra kwa siku tatu. Alikuwa na miaka kumi na mitatu.

Habaryar hakulia mbele za watu. Alifanya jambo moja tu: aliacha kula. Si kwamba alikataa. Aliweka tonge mdomoni, akalizungusha, akasema halina kitu. Nyama haina kitu, mchele hauna kitu, tende ni mchanga. Aliishi kwa chai nyeusi na kipande cha mkate wa anjera, wiki baada ya wiki, mwaka, wa pili ukaanza. Maziwa aliyafukizia mwenyewe kwenye chombo kingine, yakawa maziwa mazuri ya kawaida. Chombo cha mwisho alichofukiza Sahra hakukitia kitu. Alikifunga kifuniko na kukibeba mgongoni kila aendako, kitupu. Saa sita mchana, watu wakiwa kivulini, alikifungua kidogo, akaweka uso, akavuta pumzi, akafunga upesi, kama mtu anayechungulia mtoto aliyelala na hataki kumwamsha.

Mpishi aliona anavyokonda. Asubuhi moja baada ya kununua maziwa alimpa bakuli lililofunikwa sahani. Kesho yake tena. Mchuzi mwembamba wa ukwaju wa kando ya mto, wenye pilipili manga na haradali, ambao kwao, alisema baadaye, hupewa mgonjwa na mtu mwenye huzuni, na mara nyingi ni yule yule mmoja. Habaryar aliona haya kukataa. Alilibeba nyumbani, akaliweka chini, akageuka upande mwingine.

Nililila mimi.

Nililila mwaka mzima. Mpishi alimposa mama yangu mdogo kwa mchuzi, na aliyenenepa ni mimi. Hatimaye siku moja alinishika bega, akanusa.

"Mchuzi yangu ya jana."

"Mpishi, ni kwamba yeye..."

"Hata kidogo hali?"

"Hata kidogo."

Nilidhani bakuli zingekoma. Kesho yake zilikuja mbili.

*

Siku ya sabuni ilianza vizuri, kama siku nyingi mbaya. Habaryar alikuwa amefika nyuma ya hoteli na vyombo vyote viwili, cha kuuzia na kile kitupu, mara akaja mchungaji mbio: ngamia wake amezama kwenye matope ya mto. Akaacha kila kitu, akakimbia. Mimi nilikuwa shuleni, yaani nilikuwa njiani kutoroka shule, nikamfuata.

Tulimvuta ngamia yule watu tisa. Alipochomoka, mlio wa matope ulikuwa wa aibu kiasi kwamba habaryar, aliyelowa tope hadi magotini, alicheka. Alicheka akashika mbavu. Miaka miwili sijakisikia kicheko hicho. Tulirudi mjini akiwa bado anatabasamu, na Mpishi alikuwa mlangoni akimsubiri, ameshika chombo cha Sahra kwa mikono miwili, kama mtu anayekabidhi zawadi.

Aliona vyombo vyeusi ndani, vinanuka moshi. Jeshi lilimfundisha kwamba chombo cheusi ndani ni ugonjwa. Miaka yote hiyo alinunua maziwa bila kuona hata siku moja chombo chake kinavyosafishwa, na nani angemwonyesha? Alivisugua kwa sabuni na majivu, akavimwagia maji ya moto mara mbili, akavianika juani. Alitaka kumfanyia wema.

Habaryar alifungua kifuniko. Akaweka uso. Nikaona tabasamu likimshuka polepole.

"Sabuni," alisema.

Basi. Alirudisha kifuniko taratibu, kana kwamba huenda bado kuna kitu ndani ambacho kingetoroka, akaenda nyumbani. Kuanzia kesho yake aliuza maziwa mwisho wa soko, kule kwenye ngozi.

Mpishi alinigeukia. "Nimefanya nini?"

Nikamwambia. Kuhusu moto, kuhusu Sahra, kuhusu saa sita mchana. Alishika ile meza ya miguu mitatu nayo ikaanguka naye, na hakuna aliyecheka, hata mimi.

Alipoinuka alisema, "Niliinusa. Kabla ya kuosha, niliinusa. Nakumbuka." Akafumba macho. Pua ile ikatanuka. "Mgunga. Ndiyo. Na mti mwingine, mchungu kidogo, wa mtoni. Na kitu ya tatu." Akasubiri. Jasho likamtoka. "Kitu ya tatu iko karibu sana, lakini siioni."

Alinunua chombo kipya cha kujaribia, akaanza kuchoma. Alichoma ubani, udi, mizizi, maganda ya ndimu. Madereva walimletea vijiti kutoka Wajir na Sangailu, na mmoja alimletea kutoka Buna kipande cha gogo alichoapa ni adimu, kumbe ni mguu wa kitanda. Kila alichochoma alitia ndani, akafunika, akafungua, akatikisa kichwa. Chai ikanuka moshi. Wali ukaungua, yeye ambaye hakuwahi kuunguza hata kitunguu. Madereva wakaanza kula kwa jirani. "Mpishi amepagawa," walisema. Sanduku lake mwenyewe hakulifungua kutafuta. Alikuwa na hakika kabisa kwamba cha tatu ni kitu cha porini, cha kwetu, ambacho msichana wa wachungaji angeweza kukiokota.

Na mimi, mcheshi wa darasa, nilikijua cha tatu. Nilikijua tangu siku ya kwanza.

Sahra alikuwa na miaka kumi na moja, mimi tisa. Alitaka maziwa ya mama yake yaishe ya kwanza ili mama arudi nyumbani mapema. Alinituma. Mara moja kwa wiki, Mpishi akiinama juu ya sufuria, nilitia mkono kwenye sanduku lake nikatoka na kijiti cha mdalasini cha urefu wa kidole. Sahra alikitia kwenye makaa mwisho kabisa, baada ya miti mingine. "Usimwambie hooyo," alisema. Mama yake hangekubali kitu cha wizi kipite mlangoni. Aliniapisha, mkono juu ya ubao wangu wa Kurani. Tuliendelea miaka miwili, mpaka Mpishi akanunua kufuli. Vijiti alivyokuwa ameweka akiba vilimtosha miezi michache, kisha kufuli halikuwa na maana tena, kwa sababu Sahra hakuwepo.

Kwa hiyo nilinyamaza. Nina kiapo, nilijiambia. Nilijiambia hivyo karibu mwezi mzima, na ukweli ni kwamba niliogopa pia fimbo.

Kisha mchana mmoja nilirudi nyumbani saa sita. Habaryar alikuwa kivulini. Alifungua kile chombo, akaweka uso, akavuta pumzi ya sabuni, akafunga upesi. Bado alikuwa akifanya. Kila siku, bado.

Kiapo nilichomwapia Sahra hakikusema lolote kuhusu sabuni. Nikamwambia yote.

Nilitegemea machozi. Nilipata sikio langu likivutwa hadi kichwa kikafuata. "Subhanallah! Haramu? Nimewauzia watu haramu? Miaka miwili? Imamu amekunywa!" Akachukua chombo kwa mkono mmoja, sikio kwa mkono wa pili, na hivyo ndivyo tulivyovuka soko zima la Garissa, mchana, mbele ya kila mtu niliyewahi kumtania.

Mpishi alipomwona mlangoni alirudi nyuma mpaka ukutani. Habaryar hakumpa nafasi. Mwenye kula kitu cha mtu bila ruhusa, kwetu, hana budi kwenda kwa mwenyewe na kumwomba akihalalishe, hapa duniani, kabla ya kesho ahera.

"Mpishi, nihalalishie. Mtoto wangu alifukiza maziwa kwa mdalasini wako. Huyu mwizi alimletea. Nimeuza, nimekunywa, sikujua. Nihalalishie mimi, mhalalishie na yeye, yuko kaburini hawezi kuja."

Polepole Mpishi aliinua mkono wake wa kulia mpaka puani. Akaunusa. Akanusa wa kushoto. Akanusa mkono wa shati lake.

"Mdalasini," alisema. "Mimi nilitafuta mpaka Buna."

Kumbe ilikuwa harufu yake mwenyewe. Ilikaa katika mikono yake tangu utoto, wala hakuisikia, kama vile usivyosikia ulimi wako mdomoni. Ile nyumbani kwao aliyokuwa akiinusa ndani ya maziwa yetu ilitoka sandukuni mwake, ikapitia mfukoni mwangu na kwenye makaa ya Sahra, ikarudi kwake ndani ya kikombe.

"Nimehalalisha," alisema. "Yote. Na ya mtoto, mara elfu. Lakini Mama, na wewe nihalalishie. Chombo ile."

Habaryar alikikumbatia chombo. Wote wawili Kiswahili walikikopa ukubwani, mmoja akikivunja upande huu na mwingine upande ule, lakini siku hiyo walikutana katikati bila kujikwaa.

"Kile bado," alisema. "Fungua sanduku."

Akafungua. Kufuli langu. Tulikaa nyuma ya hoteli, habaryar akawasha mgunga, kisha ule mti mchungu, na mwanamume mzima akaangalia kazi ya wanawake bila mtu kumfukuza. Mwisho Mpishi akampa kijiti cha mdalasini. Habaryar akakitia, akafunika, akatikisa, akahesabu kimoyomoyo kama alivyokuwa akihesabu Sahra. Madereva wawili walikuwa wamesimama pembeni na vikombe vyao. Hakuna aliyemeza.

Alifungua. Akaweka uso. Safari hii hakufunga upesi. Alikaa humo muda mrefu, mabega yakapanda, yakashuka, yakapanda. Moshi ulikuwa mwembamba, wa buluu, ukitoka pande zote mbili za shela yake, na ilionekana kama kwamba yeye ndiye anayefukizwa.

Alipoinua uso ulikuwa umelowa wote.

"Nina njaa," alisema.

Sijawahi kumwona mtu akikimbia kama Mpishi. Aliteleza, akashika mlango, akarudi na wali na mchuzi ule wa ukwaju. Habaryar alichukua tonge, akatafuna, tukamwangalia kama watu wanaosubiri hukumu ya boma.

"Ni chachu," alisema. Kisha, kwa ulimi wetu usioiweza p, "Na bilibili hii itaniua." Akachukua jingine.

"Chumvi?" aliuliza Mpishi.

"Chumvi ipo." Alikula sahani yote. Akafuta sahani kwa kidole. Kisha, bila kumtazama, "Nimehalalisha."

Mchuzi ule sikuupata tena. Nikakonda.

*

Walioana baada ya Ramadhani. Baadhi ya ndugu zetu walinung'unika, eti mpishi, eti hana ukoo. Yule mzee wa siku ile aliwakatiza: "Hana ukoo vipi? Babu yake ni Ukwaju, tumemjua miaka." Mahari ilikuwa ngamia mmoja, na bwana harusi alinilipa sambusa tatu ili mimi ndiye nishike kamba ya ngamia wakati wa kumkabidhi.

Lakini hata baada ya ndoa alikula amesimama. Habaryar alimtandikia mkeka, akampigia mkeka kwa kiganja: "Kaa." Yeye akajibu, "Ngoja povu lishuke," akarudi ukutani na sahani yake. Habaryar hakumsukuma. Aliutandika tena kesho yake. Nilipoondoka kwenda shule ya bweni, ng'ambo ya mto, huko ambako watu wa kwetu husema mtu amekwenda Kenya, aliutandika mkeka ule, na alisimama.

Likizo iliyopita nilirudi kwa lori la ngozi, bila kutoa habari, nikitaka kuwatisha. Nilinyata hadi nyuma ya nyumba, nikachungulia kwenye upenyo. Ilikuwa mchana, saa ile barabara inapoelea. Ndani palikuwa na sinia moja. Habaryar alikuwa upande huu, akila. Na upande ule alikuwa Mpishi, ndevu zimekuwa nyeupe, viatu amevua, miguu ameikunja, mgongo wake haugusi ukuta wowote. Alikuwa amekaa. Alikula polepole, tonge moja, akatulia, tonge jingine, hatazami mlangoni. Chombo cha Sahra kilikuwa katikati yao, na kilikuwa na maziwa.

Nilikuwa nimetayarisha mlio wa fisi. Nikauacha.

"Ingia, mwizi," alisema Mpishi bila kugeuka. "Unanuka ngozi."

Niliingia, nikasalimu, nikabusu mikono yao. Yote miwili ilinuka mdalasini. Nilimtazama alivyokaa, nikamtazama habaryar, na mnanijua, mimi huuliza, nikafungua mdomo.

Habaryar alinitilia tonge kabla sijatoa neno.

"Usimwulize," alininong'oneza. "Atasimama."